Neno Hadi Lifike

Leo nataka tuzungumze kuhusu elimu kongwe ya usemi, ile ambayo Wagiriki waliiita retoriki na sisi, kwa msaada wa Kiarabu, tunaiita balagha. Lakini kabla hatujafika Ugiriki, keti nami kwanza kwenye benchi la mbao, ndani ya chumba cha Mahakama ya Mwanzo, ambako miaka mingi iliyopita nilishinda asubuhi nzima nikingoja shauri la ndugu yangu liitwe.

Kabla yetu aliitwa mama mmoja muuza samaki. Alikuwa anamdai kijumbe, yaani msimamizi wa mchezo wao wa kupokezana pesa: zamu yake ya kupokea ilifika, pesa hakupewa. Kwa miaka mingi katika Mahakama za Mwanzo za Tanzania mawakili hawakuruhusiwa kusimama. Kila mtu alijisemea mwenyewe, kwa Kiswahili, mbele ya hakimu na wazee wa baraza. Basi mama akasimama, mkononi ana daftari alilolikunja ndani ya kanga. Akaanza na ugonjwa wa mumewe. Kutoka hapo akaingia kwenye harusi ya binti yake, kisha akamkumbuka jirani aliyemwingiza kwenye mchezo. Hakimu akamwambia mara mbili arudi kwenye deni. Mara ya tatu sauti ikamkauka. Kijumbe alipopewa nafasi alisema kwa utulivu, jambo baada ya jambo: mchezo ulivyoanza, watu wangapi walikuwemo, na jinsi mama huyu alivyokwisha kulipwa. Hakimu akamgeukia mama: "Una la kuongeza?" Akajibu, "Sina, mheshimiwa."

Mama alishindwa. Nami niliyekuwa nimekaa tu nikisikiliza, nilikuwa nimemwamini kijumbe. Habari ya lile daftari nitairudia mwishoni.

Kwa mapokeo ya Wagiriki wenyewe, elimu ya balagha ilizaliwa mahali kama pale, katika ugomvi wa mali. Kisiwani Sisilia, mjini Syracuse, watawala wa mabavu waliangushwa katika miaka ya 460 kabla ya Kristo. Waliokuwa wamenyang'anywa ardhi wakarudi kudai chao, na kila mmoja ilimpasa ajieleze. Inasimuliwa kwamba hapo ndipo walimu wawili, Corax na Tisias, walipoanza kufundisha namna ya kupanga maneno mbele ya wanaohukumu. Mwaka 427 kabla ya Kristo mtu mwingine wa Sisilia, Gorgias, alikwenda Athens akiwa balozi wa mji wake, na watu wa Athens walipomsikia walishangaa. Tangu hapo elimu hiyo haikuondoka tena mjini kwao.

Athens ilikuwa na njaa nayo. Wananchi walikutana kwenye kilima cha Pnyx kuamua vita, kodi na sheria, na mpiga mbiu aliuliza: nani anataka kusema? Mahakamani hapakuwa na wakili wa kukusemea. Waliohukumu walikuwa raia wa kawaida, mamia kwa pamoja, na walipiga kura bila kujadiliana. Muda ulipimwa kwa chungu chenye tundu. Maji yakiisha kuchuruzika, nawe umekwisha kusema. Tusisahau kwamba uhuru huo haukuwa wa wote. Watumwa hawakuwa na sauti, na mwanamke hakuruhusiwa kujitetea mahakamani mwenyewe. Mama yetu muuza samaki angenyamazishwa hata kabla hajafungua mdomo.

Raia asiyejua kusema alifanya nini basi? Alimwendea mwandishi wa hotuba. Mmoja wa waandishi hao aliitwa Lysias. Mwenyewe alikuwa mgeni mkaazi, hakuwa na haki za raia, lakini alikuwa na kipaji adimu: akimwandikia mkulima, hotuba ilisikika kama ya mkulima, akimwandikia kijana, ilisikika ya kijana.

Miongoni mwa hotuba zilizohifadhiwa kwa jina lake iko moja fupi ambayo siichoki. Msemaji ni mlemavu maskini mwenye kibanda cha kazi karibu na soko. Mji unampa posho ndogo, obolo moja kwa siku. Mtu mmoja amemshitaki mbele ya Baraza kwamba hastahili: ana nguvu, mbona hupanda farasi? Msikilizaji, mashitaka hayo si madogo, kwa sababu farasi wakati ule alikuwa alama ya utajiri.

Mlemavu hakani. Anasema ndiyo, hupanda farasi, kwa kuwa miguu haimfikishi mbali, na farasi wenyewe ni wa kuazima. Ningekuwa na mali, asema, ningepanda nyumbu wangu mwenye tandiko zuri, nisingehangaika na wanyama wa watu. Kisha anauliza: mimi hutembelea fimbo mbili ambapo wengine hutumia moja, mbona mshitaki hasemi kwamba fimbo mbili nazo ni dalili ya nguvu? Tena anasema kwamba mshitaki anaugombea ulemavu wake kana kwamba ni mrithi wa kike mwenye mali nyingi anayegombewa na wachumba.

Tazama alichokifanya. Jambo lililoonekana kumhukumu, yule farasi, hakulificha. Alilileta mbele mwenyewe, akaligeuza likawa ushahidi wake. Hakujililia. Aliwaachia waliomsikiliza watabasamu, na mtu aliyekufanya utabasamu ni vigumu kumnyang'anya mkate. Zaidi ya miaka 2,400 imepita, na bado maneno yale yanamsimamisha mbele yetu mtu mzima, na ucheshi wake, na heshima yake. Hiyo ndiyo balagha inapomtumikia mnyonge.

Lakini wapo walioitilia shaka, na mkubwa wao ni Plato. Alikuwa na sababu. Mwaka 399 kabla ya Kristo mwalimu wake, Socrates, alihukumiwa kufa na raia wa Athens baada ya kusikiliza hotuba. Katika kitabu alichokiita kwa jina la Gorgias, Plato ametuwekea picha mbili ambazo ni vema kuzitazama pamoja. Katika ya kwanza Gorgias anajisifu: ndugu yangu ni mganga, na mara nyingi mgonjwa aliyekataa dawa mbele ya mganga, mimi nilimshawishi akainywa. Katika ya pili Socrates anasema, hebu fikirini mpishi wa vitamu akimshitaki mganga mbele ya baraza la watoto. Mpishi atasema: huyu huwapa dawa chungu, huwakata na kuwachoma, mimi huwapa asali. Mganga atajitetea vipi mbele ya watoto?

Uwezo ni ule ule mmoja. Hapa umemnywesha mgonjwa dawa, pale umemfukuza mganga. Plato akahitimisha kwamba usemi bila ukweli ni upishi wa kufurahisha ulimi.

Karne nyingi baadaye, mtoto wa Afrika alimjibu. Augustino alizaliwa mwaka 354 huko Thagaste, katika nchi ambayo leo ni Algeria. Wengi tunalijua jina lake kupitia chuo kikuu cha Mwanza. Kabla hajawa askofu alikuwa mwalimu wa balagha, Carthage, kisha Roma, kisha Milan, na kazi hiyo aliiacha mwaka 386 kwa sababu alichoka kuuza maneno. Lakini uzeeni, alipoandika jinsi ya kufundisha imani, hakuitupa elimu ile. Aliuliza: ikiwa uongo una watetezi hodari wa kusema, kwa nini ukweli uachwe mikononi mwa watu wasio na silaha?

Kwangu mimi, hata hivyo, jibu la ndani zaidi alikuwa amekwisha kulitoa mwanafunzi wa Plato mwenyewe. Aristotle aliandika kitabu kizima kuhusu balagha, na ndani yake liko wazo moja ambalo ndilo lililonileta kwenye kipaza sauti leo. Kila hotuba, asema, ina mambo matatu: anayesema, linalosemwa, na anayeambiwa, na shabaha ya hotuba iko kwa huyu wa tatu. Msikilizaji ndiye kipimo. Hata aina za hotuba Aristotle alizigawa kwa kumtazama msikilizaji anafanya kazi gani. Akiwa mahakamani, anahukumu yaliyopita. Akiwa barazani, anaamua yajayo. Akiwa shereheni au msibani, anasikiliza sifa au lawama za mtu, na hapo wakati ni sasa.

Mgawanyo huo unaonekana wa darasani tu, lakini uchukue uende nao kwenye mkutano wa kijiji. Mtu anauliza: kisima kitachimbwa lini? Hilo ni swali la yajayo, swali la kuamua. Msemaji anasimama na kumsifu mgeni rasmi, anawasifu wazee, anaisifu ardhi yetu nzuri. Makofi yanapigwa. Wananchi wamehamishwa kutoka barazani hadi arusini bila kujua, na kisima hakikutajwa tena. Aliyesoma Aristotle atanyanyua mkono na kusema: ndugu mwenyekiti, tulikuwa kwenye kisima.

Aristotle akataja pia njia tatu ambazo neno humvuta mtu. Ya kwanza ni hulka ya msemaji, yaani anavyojionyesha kuwa mtu wa kuaminika. Ya pili ni hisia anazoziamsha kwa wasikilizaji: hasira, hofu, huruma, aibu. Ya tatu ni hoja yenyewe. Na katika hoja aligundua jambo ambalo kila muuzaji na kila mwanasiasa hulitumia: hoja iliyoachwa pengo makusudi ili msikilizaji alizibe mwenyewe. Nikikwambia, "Huyu ni mtoto wa mvuvi, bahari anaijua," sikusema kwamba watoto wote wa wavuvi wanaijua bahari. Hilo umelitia wewe. Na kitu ulichokitia mwenyewe utakiamini kuliko nilichokupa mimi, maana unadhani ni chako.

Tuna mfano mkubwa wa jambo hili katika Kiswahili chetu. Mwaka 1963, Mwalimu Julius Nyerere, akiwa Rais, alichapisha tafsiri yake ya tamthilia ya Shakespeare kuhusu Julius Caesar. Shakespeare aliishi katika Uingereza ambayo vijana wa shule walilishwa Kilatini na balagha ya Cicero, na tamthilia hii inaonyesha jinsi elimu hiyo ilivyomea. Caesar, mtawala wa Roma, ameuawa. Brutus, mmoja wa wauaji, anawaeleza watu sababu, kwa sentensi zilizopangwa vizuri, kisha anaondoka zake akiamini kazi imekwisha. Ndipo Antony, rafiki wa Caesar, anaposimama mbele ya maiti.

Antony hawaambii watu wafanye fujo. Anamsifu Brutus. Anarudia sifa ile ile, tena na tena, na kila mara anaiweka kando ya wema mmoja wa marehemu, mpaka neno la heshima linageuka tusi bila yeye kulibadili hata herufi. Anataja wasia, kisha anakataa kuusoma, mpaka watu wenyewe wanaudai. Anawaonyesha joho lenye matundu ya visu. Pengo analoliacha ni moja tu: basi wauaji hawa wafanywe nini? Watu wanalijaza kwa moto. Na kinachofuata mara moja ndicho Shakespeare alichotaka tukione: umati unakutana njiani na mshairi asiye na hatia, jina lake likifanana na la mmoja wa waliokula njama, na unamrarua. Hivyo ndivyo wanavyomaliza wasikilizaji walioziba pengo bila kujua kwamba wameliziba.

Historia yenyewe haikuwa ya upole kuliko jukwaa. Cicero, msemaji mkuu wa Roma, alitunga hotuba 14 dhidi ya Antony wa kweli. Zikaitwa Filipiki, kwa kukumbuka hotuba za Demosthenes wa Athens dhidi ya Mfalme Philip wa Makedonia. Tarehe 7 Desemba, mwaka 43 kabla ya Kristo, Cicero aliuawa, na kichwa chake na mikono yake vikatundikwa kwenye jukwaa la wasemaji mjini Roma: kichwa kwa sababu kilisema, mikono kwa sababu iliandika.

Baada ya hapo wakaja makaisari. Shule za balagha hazikufungwa, ziliongezeka. Lakini uamuzi mkubwa haukuwa tena mikononi mwa wasikilizaji, na wanafunzi wakawa wanajizoeza kesi za kubuni, za maharamia na madikteta wa hadithini. Mwalimu Quintilian, aliyeandika vitabu 12 vya kumlea msemaji tangu akiwa mikononi mwa yaya, alijitahidi kuirudisha elimu hii kwenye maadili. Msemaji, alisisitiza, ni mtu mwema anayejua kusema. Wema kwanza. Lakini hata yeye hakuweza kuwarudishia watu kura. Usemi usio na msikilizaji mwenye uamuzi hubaki mapambo.

Jambo kama hilo liliupata usomi wa Ulaya tena katika karne ya 16, pale Petrus Ramus wa Paris alipoitoa kazi ya kutafuta na kupanga hoja kutoka katika balagha akaipa mantiki, akaiachia balagha mtindo na utoaji tu. Na ninahofia limetupata na sisi. Tuliosoma fasihi shuleni tunakumbuka orodha: tashbiha, sitiari, tashihisi, takriri, swali la balagha. Tulikariri majina na mfano mmoja mmoja wa mtihani. Hatukuulizwa: takriri hii inamfanya nini anayeisikia? Kwa nini msemaji ameuliza swali ambalo hangoji jibu? Tulijua kuhesabu maua, mzizi hatukuonyeshwa.

Na mzizi tunao, msikilizaji, ndani ya maneno yetu wenyewe. Kitabu cha Aristotle kilitafsiriwa kwa Kiarabu, na wanafalsafa wakubwa, al-Farabi, Ibn Sina na Ibn Rushd, wakakifafanua. Sanaa hiyo waliiita khataba, na kwa asili hiyo hiyo sisi tunasema hotuba, na hatibu wa msikitini. Kando yake Waarabu walikuza elimu yao wenyewe, iliyolelewa na usomaji wa Kurani na mashairi, wakaiita balagha. Asili ya neno hilo ni kufika. Kijana aliyefikia utu uzima tunasema amebalehe. Ni asili hiyo hiyo. Kauli iliyovuka kiasi tunaiita mubalagha. Balagha, basi, ni neno lililofika.

Lililofika wapi? Wataalamu wa elimu hii walijibu wazi kwamba kauli iafiki hali ya anayeambiwa. Wakawagawa wasikilizaji mafungu matatu. Yuko asiye na habari: huyu mwambie tu, usimwapie. Yuko mwenye shaka: huyu mtilie mkazo kidogo. Yuko anayekanusha: huyu ndiye wa kuongezewa mkazo kadiri anavyokana. Tazama busara iliyomo. Ukimwapia mtu ambaye wala hakuwa na shaka, wewe mwenyewe ndiye unayempandia shaka. Watu wa Athens na wataalamu hawa wa Kiarabu, kila upande kwa njia yake, walikutana kwa yule yule aliyekaa kimya akisikiliza.

Ndiyo maana naamini kwamba balagha ni elimu ya msikilizaji kwanza, kisha ya msemaji. Wasemaji ni wachache. Wasikilizaji ni sisi sote, kila siku. Sauti inakuja kwenye simu: jamaa anasambaza ujumbe unaoeleza dawa ya ajabu, tangazo linakuhimiza ukope leo, mgombea anakuambia nani adui yako. Watoto wetu tuwafundishe kuuliza maswali machache tu. Huyu anataka nimwamini kwa sababu gani? Anataka nihisi nini, na hisia hiyo inanisukuma wapi? Hoja yake iko wapi, na pengo gani ameniachia nilizibe? Anajibu swali lililoulizwa, au amenihamisha? Hata mimi ninayezungumza nawe jioni hii niulize hayo. Nimeanza kwa kukuonyesha mama mnyonge. Nimeamsha huruma yako. Una haki ya kupima kama hoja yangu inasimama bila machozi yake.

Sasa nirudi kwake. Tulipotoka nje, mama alikaa kwenye kivuli cha mwembe, akalifungua daftari. Nikasogea, nikamwamkia. "Marahaba, mwanangu," akasema, akanionyesha. Kila zamu ya mchezo ilikuwa imeandikwa: tarehe, jina, kiasi, na saini ya aliyepokea. Kwenye mstari wa jina lake, nafasi ya saini ilikuwa tupu.

Miaka mingi nilisema kwamba mama yule alishindwa kwa kutojua kujieleza. Ni kweli kwamba angefundishwa kuanza na deni, kufuatisha tarehe, kuweka daftari mezani na kumalizia na ombi lake, huenda mambo yangekwenda vingine. Lakini daftari alikuwa nalo mkononi muda wote, na sisi sote tulikuwa tunaliona. Hakimu aliliona, wazee wa baraza waliliona, na mimi kwenye benchi niliona jinsi alivyolishika. Kijumbe alisema vizuri, nasi tukapumzika. Mama aliulizwa kama ana la kuongeza. Hakuna aliyemwuliza, "Mama, hilo daftari lina nini?"

Hilo ndilo swali la mtu aliyesoma balagha.